Mwigizaji, Mnafiki na Mtunza Kanisa

Mama mmoja, mzee wa kanisa katika mtaa wetu, alitusimamisha baada ya ibada akatuambia jambo ambalo tangu siku ile hatujaweza kulitua. Mwaka uliotangulia alikuwa amefiwa na binti yake. Baada ya msiba aliendelea kusoma masomo zamu yake inapofika, aliendelea kuongoza sala katika jumuiya, aliendelea kwenda hospitalini kuwaombea wagonjwa. "Lakini ndani hamna kitu," alisema. "Nasoma Neno kama mtu anayesoma tangazo la mnada. Naomba, najiona naigiza. Ninyi mnaofundisha niambieni, mimi si mnafiki?"

Hatukumjibu vizuri. Tulimwambia yale ambayo watu huwaambia wafiwa: ajipe moyo, Mungu yupo, majira yatabadilika. Alitushukuru kwa adabu, akaenda zake kupanda daladala. Tunayoyaandika hapa ni jibu lililochelewa, na njia yake ni ndefu kidogo kwa sababu inapitia Uswidi. Ni neno lake mwenyewe, kuigiza, lililotupeleka huko.

Neno hilo lina historia. Katika Agano Jipya la Kigiriki, wale ambao Biblia yetu inawaita wanafiki wanaitwa kwa jina ambalo mtu wa mjini wa siku zile alilijua kuwa ni la mwigizaji wa jukwaani, yule anayevaa kinyago na kusema maneno yaliyotungwa na mwingine. Bwana wetu alipowakemea waliosali kwenye pembe za njia ili waonekane, aliwaambia kwa neno moja kwamba wanacheza mchezo wa kuigiza. Kanisa la kale nalo liliwatilia shaka waigizaji. Mahali pengine aliyetaka ubatizo alitakiwa kwanza aache jukwaa. Ukilichukua neno hivyo tu, mama yetu amekwisha kuhukumiwa. Anasema maneno yaliyoandikwa na wengine, na uso wake sio moyo wake.

Sisi tunadhani tumeharakisha. Tumelitumia jina la mwigizaji kama tusi kwa karne nyingi bila kukaa chini tumtazame mwigizaji anafanya nini hasa.

Kwaresima moja, sisi tuliokabidhiwa darasa la watu wazima tuliomba ukumbi wa usharika tukaonyesha filamu ya mwaka 1963, kazi ya Ingmar Bergman, ambaye baba yake alikuwa mchungaji wa Kilutheri. Kwa Kiswidi inaitwa Nattvardsgästerna, maana yake wageni wa Chakula cha Bwana. Haina rangi na karibu haina muziki, na vijana waliokuja kwa ajili ya soda walianza kutoroka mmoja mmoja. Waliobaki waliyatambua mengi. Liturgia ile waliifahamu hata kabla ya mmoja wetu kutafsiri, na si ajabu, kwa maana Waswidi hawakuwa wageni katika Kanisa letu. Filamu ile ilipoanza kuonyeshwa kwao, askofu wa Kilutheri kule Bukoba alikuwa Mswidi, Bengt Sundkler, kabla ya Josiah Kibira kushika nafasi hiyo mwaka 1964. Yaani watu walewale waliotuletea utaratibu wa ibada walikuwa wakiulizana, huko kwao, kama kuna mtu anayesikiliza.

Filamu inaeleza saa chache za Jumapili moja ya baridi. Mchungaji Tomas Ericsson ana mafua na ana jambo baya kuliko mafua: tangu mkewe afariki, sala zake zinarudi kama mwangwi. Saa sita anawagawia Chakula cha Bwana waumini wachache sana. Baada ya ibada anamjia mvuvi, Jonas Persson, ambaye hofu ya bomu la atomiki imemnyang'anya hamu ya kuishi. Na hapo mchungaji anafanya jambo ambalo watu wa siku hizi tungelisifu: anaacha kuigiza. Anavua kinyago, anamweleza yule mvuvi ukweli wote wa moyo wake, kwamba haamini, kwamba Mungu wake alikuwa wa kujitengenezea. Jonas anatoka, anakwenda kando ya mto, anajipiga risasi.

Alasiri mchungaji anafika kanisa la pili, Frostnäs. Kuna ibada, ila hakuna watu. Ndipo anapoingia sakristia mtu ambaye mpaka hapo tumemwona kidogo tu, mtunza kanisa Algot Frövik. Zamani alikuwa mfanyakazi wa reli. Mgongo wake umepinda, mwili wake ni maumivu ya kila saa, na anaomba radhi kwa kumsumbua mchungaji. Anasema alikuwa halali usiku kwa maumivu, na mchungaji alimshauri asome kidogo. Basi ameanza na Injili, na amefika kwenye mateso ya Kristo, na kuna jambo linamsumbua. Watu wanayataja sana maumivu ya mwili wa Yesu, misumari na mijeledi. Yeye, kwa unyenyekevu wote, anadhani kwamba maumivu ya mwili hata yeye huenda ameyapata ya kiasi hicho, na ya Bwana yalikwisha kwa saa chache. Anachokiona ni kingine. Rafiki waliokula naye miaka mitatu hawakuelewa kitu; usiku ule walilala, kisha wakakimbia, na mmoja akakana. Kisha pale msalabani akamwita Baba yake, na Baba akanyamaza. Je, mchungaji, mateso makubwa si hayo?

Mchungaji anaitikia kwa sauti ndogo. Mazungumzo yote ni ya dakika chache, kisha Frövik anarudi kwenye kengele na mishumaa yake.

Taa zilipowashwa ukumbini, hakuna aliyemtaja mchungaji. Wote walitaka kujua yule kibiongo ni nani.

Ni Allan Edwall. Alizaliwa mwaka 1924 katika jimbo la Jämtland, mbali na mji mkuu, akasomea kazi yake katika shule ya jumba la taifa la michezo ya kuigiza mjini Stockholm. Katika filamu kubwa zilizoijulisha Uswidi duniani jina lake haliko juu. Juu wako Max von Sydow, Gunnar Björnstrand, Ingrid Thulin. Yeye ni yule ambaye Waswidi wenyewe wanamtambua mara moja na mgeni anamsahau jina: uso wa mkulima, macho ya mtu aliyekwisha kuona, mwili unaoweza kuwa mzee au kijana kadiri kazi inavyotaka.

Tulianza kumtafuta katika filamu nyingine, na tuliyoyaona ndiyo yaliyotufundisha. Mwaka 1960, katika filamu ya Bergman ya Jungfrukällan, hadithi ya Uswidi ya zama za kati, yeye ni ombaomba tu, katika nyumba iliyowapa hifadhi wachungaji wa mbuzi bila kujua kwamba wamemuua binti wa nyumba hiyo. Pamoja na wauaji kuna mtoto, ndugu yao, ambaye hakuua ila ameona. Usiku mtoto hawezi kulala. Ombaomba anamwinamia gizani, anamwonyesha moshi unavyotetemeka chini ya paa kama unaoogopa, ilhali ukitoka nje una mbingu nzima ya kuchezea. Anamwambia binadamu naye yuko hivyo. Kesho yake asubuhi baba mwenye uchungu anawaua wote, na mtoto pia. Hakuna mwingine katika filamu ile aliyemwambia mtoto yule neno lolote la faraja. Kazi ya Edwall mle ndani ilikuwa hiyo moja.

Mwaka 1971, katika filamu ya Jan Troell inayotokana na riwaya za Vilhelm Moberg kuhusu Waswidi waliohamia Marekani, yeye ni Danjel, mkulima mcha Mungu ambaye anawakaribisha mezani kwake watu waliotupwa na kijiji, akiwamo mwanamke aliyekuwa akiuza mwili wake, na anawagawia Chakula cha Bwana nyumbani. Hapo tulisimamisha filamu ili tueleze, maana washarika hawakuelewa kwa nini viongozi wa kanisa na wa serikali wanavamia nyumba ya watu wanaosali. Uswidi ilikuwa na sheria, tangu mwaka 1726 hadi 1858, iliyokataza watu kukusanyika majumbani kwa ibada bila mchungaji. Jumuiya zetu zote za asubuhi zingekuwa makosa ya jinai. (Mzee mmoja alinong'ona kwamba kuna asubuhi angependa sheria hiyo irudi.) Danjel ni kinyume kabisa cha mchungaji Tomas: moyo wake umejaa mpaka unamwagika. Na bado mkewe anafia baharini, kabla hawajaiona nchi waliyoahidiwa.

Mwaka huohuo wa 1971 watoto wa Uswidi walimpata kama baba wa Emil, katika filamu za hadithi za Astrid Lindgren, baba bahili anayepayuka jina la mwanawe na kumfungia katika banda la kuni. Mwaka 1982 alirudi kwa Bergman, katika Fanny och Alexander, akiwa Oscar, mkuu wa jumba dogo la maonyesho, mtu ambaye kwa kauli ya wote si mwigizaji mzuri sana. Usiku wa Krismasi anawahutubia wenzake kwa sauti inayokatika, akisema anaipenda dunia ile ndogo iliyo ndani ya kuta nene za jumba lao, kwa sababu pengine inawasaidia watu kuielewa dunia kubwa iliyo nje, au angalau kuisahau kwa muda. Baadaye kidogo anaanguka akiwa katika mazoezi, naye anaigiza mzimu wa baba yake Hamlet. Anakufa, na tangu hapo yeye mwenyewe ni mzimu, anasimama tu mlangoni akimtazama mwanawe. Mwaka 1986 alikuwa tarishi katika filamu ya mwisho ya Mrusi Andrei Tarkovsky, iliyopigwa katika kisiwa cha Gotland, na mwaka huohuo alifungua jumba lake mwenyewe dogo mjini Stockholm, chini ya ardhi, Brunnsgatan 4. Alifariki mwaka 1997.

Tazama sasa orodha hiyo. Mtu yuleyule alitumia kinywa kilekile kusema imani ya Danjel, mashaka ya Frövik na makelele ya baba wa Emil. Kama kusema maneno yasiyotoka moyoni mwako ni unafiki, basi huyu alikuwa mnafiki kwa kazi yake, kila siku, kwa karibu miaka 50. Lakini hakuna aliyekaa ukumbini kwetu aliyejisikia amedanganywa. Mama mmoja mwenye ugonjwa wa mifupa alilia Frövik alipokuwa akisema, na alilia kwa sababu ni kweli. Ilikuwa kweli ingawa maneno yale yaliandikwa na Bergman, mgongo ule ulipindishwa kwa ajili ya kamera, na mtu yule akirudi nyumbani jioni alitembea wima.

Tuliposhindana juu ya hili katika darasa, wengine walisema sinema si kanisa, na wana haki. Mwigizaji na mtazamaji wamepatana: wote wawili wanajua. Anayesali hajapatana hivyo na jirani yake aliyeketi benchi moja naye, wala hawezi kupatana hivyo na Mungu. Hatutaki kuliruka pingamizi hilo. Hata hivyo tulimrudia Frövik, tukamtazama Edwall mara ya pili na ya tatu, tukaona jambo ambalo mara ya kwanza lilitupita. Mwigizaji mwenye kujipenda angelitumia tukio lile. Ana maneno mazuri kuliko yote katika filamu, ana kilema, ana dakika zake chache. Angeweza kututazama sisi, atuombe machozi. Edwall hafanyi hivyo. Muda wote anamtazama mchungaji. Anasitasita, anachunguza uso wa mwenzake kama anamchosha, anapunguza sauti. Maneno si yake, mateso si yake, ila kumjali yule aliye mbele yake kunaonekana, na hatuamini kwamba hilo linaweza kuigizwa bila kufanywa.

Hapo ndipo tunapodhani Bwana wetu aliweka mpaka. Wale wa kwenye pembe za njia hakuwalaumu kwa sababu mioyo yao ilikuwa baridi. Joto la mioyo yao hakuligusa. Alisema wanasali ili waonekane na watu. Kosa lao liko machoni, wanamwangalia nani wakati midomo inasema. Mnafiki ni mwigizaji wa namna moja tu, yule anayewaangalia watazamaji.

Na lile la mchungaji na mvuvi linaonyesha upande wa pili, ambao sisi wa siku hizi tunausahau. Tomas alipomwambia Jonas ukweli wa moyo wake alikuwa mkweli kabisa. Lakini alikuwa akijiangalia mwenyewe. Mtu aliyekuja kutafuta sababu ya kuishi aligeuzwa kuwa msikilizaji wa maungamo ya mchungaji wake. Tunahofu kwamba mahubiri mengi ya leo yanayosifiwa kwa uwazi yana ugonjwa huo. Mhubiri anatueleza aliyopitia, tunatoka tukimjua yeye sana. Hatusemi mchungaji asiwe na mashaka, wala asiyaseme. Aende ayaseme kwa askofu wake, kwa rafiki, kwa Mungu. Jonas alistahili kupewa Neno hata na mtu asiyelisikia.

Kanisa letu limelifikiri jambo hili zamani. Ungamo la Augsburg la mwaka 1530, katika ibara ya 8, linafundisha kwamba sakramenti ni halali hata zikitolewa na watu waovu, kwa kuwa nguvu yake inatoka katika agizo la Kristo. Fundisho hilo liliwekwa kwa ajili ya msharika, ili asilazimike kuupima moyo wa mchungaji kabla ya kupokea mkate. Halikuwekwa ili mchungaji mvivu ajifunike nalo. Lakini kama linamtosha mtu mwovu, sembuse mama aliyefiwa?

Bergman alieleza katika kumbukumbu zake mahali alipoupata mwisho wa filamu hii. Alipokuwa akiitayarisha alizunguka katika makanisa ya vijijini ya Uppland, na Jumapili moja alikwenda na baba yake, mchungaji mzee. Waumini walikuwa wachache. Mchungaji wa pale akaja amechelewa, akasema anaumwa, hivyo ibada itakuwa fupi na Chakula cha Bwana hakitakuwapo. Mzee Bergman akainuka kwa hasira kutoka benchi lake, akaenda sakristia. Kukasikika mazungumzo, na muda si mrefu akatoka amevaa mavazi ya ibada, akaiongoza sehemu ya altare mwenyewe. Mwanawe, ambaye alikuwa na vita vya muda mrefu na baba huyo na Mungu wa baba huyo, alipata hapo kanuni ya kumalizia hadithi: hata iweje, ibada yako uifanye.

Kwa hiyo pale Frostnäs kengele zinalia, na ndani ya kanisa yuko mtu mmoja tu, mwalimu Märta, ambaye mwenyewe alikwisha kusema haamini. Mshika kinanda anataka waende nyumbani. Frövik anamtazama mchungaji, anangoja. Tomas anasimama, anaikabili nafasi tupu, anaanza maneno yale ya utakatifu wa Bwana ambayo nabii Isaya aliyasikia hekaluni, kwamba dunia yote imejaa utukufu wake. Filamu inaishia hapo. Hatuonyeshwi kama moyo wake umerudi. Washarika wetu walibishana mpaka mlinzi akaja kufunga ukumbi: wengine walisema ameanza kuamini, wengine wakasema ni mazoea, na mwinjilisti wetu akasema pengine hayo mawili hayatofautiani sana saa tisa alasiri ya Jumapili ya baridi. Sisi tuliona kitu kidogo zaidi. Maneno ya Frövik juu ya kunyamaza kwa Mungu yalikuwa yamemfikia, na mtu aliyeyasema alikuwa anangoja ibada. Tomas alikuwa na mtu wa kumtazama.

Tulikwenda nyumbani kwa mama yetu wiki iliyofuata. Tulimweleza haya yote vibaya, kwa kurukaruka, tukichanganya majina ya Kiswidi mpaka akacheka kidogo, jambo ambalo hatukuwa tumeliona kwa muda mrefu. Tulimwuliza, anaposoma Neno kanisani, anamtazama nani. Alifikiri. Alisema huwa anamtafuta kwa macho kijana mmoja wa benchi la nyuma, aliyefiwa na mama yake mwezi uleule aliofiwa yeye na binti, ili ajue kama amekuja. Na akimwona anasoma polepole.

Kisha akauliza nani atasoma Jumapili inayofuata, maana aliyeandikwa kwenye orodha amesafiri. Tukamwambia bado hatujapata mtu. Akaomba apewe sura mapema, aisome nyumbani kwanza, kwa sababu siku hizi macho yake hayapatani na maandishi madogo.